Kilwa kwa kalamu tatu: mawe, sarafu na maisha ya watu

Mwaka 1331 Ibn Battuta, msafiri kutoka Morocco, alishuka Kilwa, akaja kusimulia kwamba ni katika miji mizuri kuliko yote, umejengwa kwa ustadi, na kwamba wote ni wa miti, nyumba zimeezekwa kwa majani. Sasa panda boti pale Kilwa Masoko, uvuke mpaka Kilwa Kisiwani. Miti iko wapi? Kinachokupokea ni mawe. Gereza, yaani ngome ya kale, liko kando ya maji, nyuma yake Msikiti Mkuu, na ukitembea kuelekea mashariki, juu ya jabali linalotazama bahari, utafika Husuni Kubwa, jumba la vyumba zaidi ya 100 ambalo lilikuwa likijengwa miaka hiyohiyo mgeni yule alipopita. Imekuwaje mtu aliyekutana na sultani asiseme lolote juu ya jumba la sultani?

Anayeanza kusoma habari za Kilwa hukutana na mikanganyiko ya namna hii kila ukurasa. Kitabu kimoja kinamwambia mtawala wa kwanza wa Kishirazi alifika karne ya 10. Kingine kinasema ni karibu na mwaka 1200. Cha tatu kinamweka katikati, karne ya 11. Na vyote vimeandikwa na watu walioijua kazi yao. Sisi wa mkoa wa Lindi, ambao kisiwa kiko kwetu, tumezoea kuvimeza vyote kwa pamoja, na mwongozaji wa wageni hutoa tarehe kulingana na kitabu alichobahatika kukisoma.

Tofauti hizi zina sababu, na sababu yenyewe inaeleweka. Kilwa imeandikwa kwa kalamu tatu. Iko kalamu ya mjenzi, inayosoma kuta, nguzo na kuba. Iko kalamu ya sayansi, inayopima udongo, vigae, sarafu na mifupa. Na iko kalamu ya maisha ya watu: tarihi za wafalme, visa vya wasafiri, barua. Kila moja ina saa yake. Tarihi huhesabu kwa enzi za watawala, jengo huhesabu kwa namna mawe yalivyochongwa, sarafu inataja jina la mtu bila kusema mwaka. Ukizilinganisha saa hizi bila kujua kila moja inavyokwenda, lazima zigombane.

Mtu aliyejaribu kuzishika zote tatu kwa mkono mmoja ni Neville Chittick. Alisomea sheria kabla ya kuingia kwenye akiolojia, na nadhani ndiyo maana maandishi yake yana harufu ya mahakamani: ushahidi kwanza, hukumu baadaye. Alikuja Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950 kusimamia mambo ya kale ya serikali, akaanza kuchimba Kilwa, na mwaka 1961 akawa mkurugenzi wa taasisi ya Waingereza ya historia na akiolojia ya Afrika Mashariki. Ukiyapanga maandishi yake mezani utadhani ni ya watu wanne. Mwaka 1959 alitoa kitabu chembamba cha kumwongoza mgeni kwenye magofu. Mwaka 1965 akaandika hoja ndefu kuhusu ujio wa Washirazi. Mwaka 1974 yakaja majuzuu mawili mazito juu ya Kilwa: la kwanza historia na uchimbaji, la pili vitu vilivyopatikana, shanga kwa shanga, kigae kwa kigae. Baadaye akaandika hata juu ya vyombo vya baharini vya kushonwa kwa kamba, jamaa za mtepe.

Upana huo haukuwa mapambo. Ugomvi wa tarehe wenyewe ulimlazimisha.

Tuanze na tarihi, maana ndiyo iliyotangulia. Zimebaki nakala mbili za habari za kale za Kilwa. Moja ni ya Kireno, ndani ya kitabu cha João de Barros kilichochapishwa mwaka 1552. Nyingine ni ya Kiarabu, na nakala yake iliyoko London ilinakiliwa Zanzibar mwaka 1877. Mwandishi wa hiyo ya Kiarabu alikuwa mtu wa Kilwa aliyezaliwa mwishoni mwa karne ya 15, kwa hiyo alikuwa akieleza mambo ya mwanzo wa mji yaliyopita miaka mia kadhaa kabla yake. Kisa chenyewe kila mtoto wa Kilwa amekisikia kwa namna fulani: merikebu saba kutoka Shirazi, mji wa Uajemi, baba na wanawe sita, mmoja akaishia Kilwa, akakinunua kisiwa kwa kitambaa cha kukizungushia chote. Mwenye kisiwa akahamia bara akikusudia kurudi na jeshi, na yule mgeni akachimba mkondo ili maji yakipwa watu wasiweze kuvuka kwa miguu.

Wasomaji wengi huishia hapo, wakaanza kubishana kama Waajemi walikuja au hawakuja. Lakini nakala ya Kiarabu ina sentensi ambayo hupitwa haraka. Inasema wageni walipofika walimkuta Mwislamu mmoja na watu wake, na msikiti uko tayari. Yaani mwandishi wa ukoo wa kifalme, ambaye kila sababu ilimtaka aseme mji ulianza na ukoo, amekiri kwamba Uislamu ulikuwapo kabla ya mwanzilishi kushuka chomboni. Mimi huiamini sentensi kama hiyo kuliko merikebu zote saba, kwa sababu haimsaidii aliyeiandika.

Tarihi inamwita mwanzilishi huyo Ali bin al-Hasan. G. S. P. Freeman-Grenville, aliyeandika juu ya pwani ya Tanganyika mwaka 1962, alijumlisha miaka ya watawala kama inavyotajwa, akarudi nyuma enzi kwa enzi, akamweka karibu na mwaka 957. Hesabu ya namna hii ina udhaifu unaoonekana wazi: mtawala mmoja akisahauliwa, au wawili waliotawala pamoja wakihesabiwa mmoja baada ya mwingine, kosa linabebwa mpaka mwanzo.

Chittick hakuridhika. Alikuwa na sarafu. Kilwa ilipiga sarafu zake, nyingi za shaba, ndogo kama kifungo cha shati, zenye jina la mtawala upande mmoja na maneno ya kumtegemea Mungu upande wa pili, na pande hizo mbili hutoa vina. Mwaka haupo. Kwa hiyo sarafu yenye jina la Ali bin al-Hasan inathibitisha kwamba mtu huyo alikuwapo, haisemi ni lini. Chittick akauliza udongo. Kila sarafu ilitoka kwenye tabaka fulani, na tabaka hilo lilikuwa na vigae vya vyombo vya Uchina na vya Ghuba ya Uajemi ambavyo tarehe zake zilikuwa zinajulikana kwingineko. Sarafu za Ali zilianza kuonekana katika matabaka aliyoyakadiria kuwa ya mwishoni mwa karne ya 12. Basi akahukumu: mwanzilishi wa ukoo alitawala karibu na mwaka 1200. Miaka zaidi ya 200 ikafutwa kwa mpigo.

Kwa muda hukumu hiyo ilikubalika. Mwaka 1984, mwaka aliofariki Chittick, huko Mtambwe Mkuu kisiwani Pemba ikapatikana hazina ya sarafu za fedha zaidi ya 2,000, na baadhi yake zina jina la Ali bin al-Hasan. Pamoja nazo zilikuwamo dinari chache za dhahabu za ukhalifa wa Fatimi wa Misri, na dinari, tofauti na sarafu za Kilwa, huandikwa mwaka. Ya mwisho kabisa ni ya mwaka 1066. Kama Ali wa Pemba ndiye Ali wa Kilwa, basi aliishi karne ya 11. Freeman-Grenville alikuwa amemrudisha nyuma mno, Chittick amemsogeza mbele mno. Neno "kama" hapo lina uzito wake, kwa kuwa Ali na Hasan ni majina yaliyotapakaa pwani yote, lakini wataalamu wengi leo wanaikubali karne ya 11, na sehemu ya kaskazini ya Msikiti Mkuu, iliyo ya zamani zaidi, inaanzia karne hiyohiyo.

Hapo ndipo kalamu ya mjenzi inapoingia, na mwenye kalamu hiyo ni Peter Garlake. Alizaliwa Cape Town mwaka 1934, akasomea usanifu wa majengo, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 alipita pwani yetu akipima na kuchora misikiti, makaburi na nyumba za mawe, mpaka mwaka 1966 akatoa kitabu juu ya majengo ya kale ya Kiislamu ya Afrika Mashariki. Baadaye alikwenda Rhodesia, Zimbabwe ya leo, akafanya kazi kwenye magofu ya mji wa mawe wa Great Zimbabwe, na alipokataa kunyamazia ukweli kwamba Waafrika ndio walioijenga, ikambidi aondoke nchini. Aliendelea Nigeria na London, akarudi Zimbabwe baada ya uhuru, na uzeeni akageukia michoro ya mapangoni. Naye ni wa aina ya Chittick, mtu asiyekaa kwenye chumba kimoja cha elimu.

Garlake anakufundisha kutazama dari kabla ya kitu kingine. Nyumba ya mawe ya pwani hujengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa inayotoka kwenye matumbawe hayohayo yakichomwa kwenye tanuu. Fremu za milango na mihrabu huchongwa kwa tumbawe laini linalotolewa baharini likiwa bichi, kwa kuwa likishakauka huwa gumu. Juu hulazwa boriti za mikoko, na boriti ya mkoko haiwi ndefu. Ndiyo maana vyumba vya kale ni vyembamba, karibu mita mbili na nusu hivi, na virefu kama ushoroba. Mti ndio unaoamua upana wa chumba, tajiri au maskini.

Sasa ingia sehemu ya kusini ya Msikiti Mkuu wa Kilwa. Hapo mjenzi ameitupa boriti. Amesimamisha nguzo za pembe nane, juu yake amepandisha kuba na matao ya chokaa na mawe, na nafasi imefunguka kila upande. Husuni Kubwa nako kuna kuba zenye mifereji kwa ndani, birika la kuogelea la pembe nane, na ua ulioshuka chini wenye ngazi pande zake. Hakuna kitu cha ukubwa ule kilichojulikana pwani hii kabla yake. Jiwe lililoandikwa lililopatikana kwenye jumba hilo lina jina la al-Hasan bin Sulaiman. Na huyo, kwa bahati nzuri kabisa, ndiye sultani aliyekutana na Ibn Battuta.

Utawala wake ndio mahali pekee ambapo saa zote tatu zinasoma wakati mmoja, kwa hiyo ni vizuri tukakaa hapa kidogo.

Tarihi inasema al-Hasan aliondoka Kilwa akiwa kijana wa miaka 14 kwenda kuhiji, akabaki Aden miaka miwili akisoma, na aliporudi mdogo wake Daud, aliyekuwa ameshikilia kiti, akamwachia. Mjenzi anaposikia Aden anaelewa kuba na birika vimetoka wapi: kijana ameona majumba ya watu, amerudi na picha kichwani. Sarafu zinasema alikuwa na mali, maana za kwake zimetapakaa mbali. Moja imeokotwa Great Zimbabwe, kwenye nchi ya dhahabu iliyokuwa ikipita Sofala, bandari ya Msumbiji ya leo. Baadhi ya wanahistoria, John Sutton akiwamo, wanauunganisha ujenzi huu mkubwa na thamani ya dhahabu iliyopanda siku hizo.

Ibn Battuta naye anatupa mtu mwenyewe. Sultani alikuwa akijulikana kama Abu al-Mawahib, kwa ukarimu wake. Ijumaa moja akitoka msikitini, fakiri kutoka Yemen alimsimamisha akamwomba nguo alizovaa. Sultani akaingia nyumba ya khatibu, akavua, akavaa nyingine, akampa. Watu wakausifu unyenyekevu wake. Mwanawe akazikomboa nguo zile kwa kumpa fakiri watumwa kumi, na sultani aliposikia watu wanavyosifu akaongeza watumwa kumi wengine na mizigo miwili ya pembe za ndovu.

Msimuliaji anaona ukarimu. Msomaji wa leo wa Lindi, ambaye pengine babu yake alisimuliwa habari za misafara ya watumwa ya kwenda Kilwa Kivinje, anaona pia watu ishirini waliotolewa kama nauli, na hakuna kalamu hata moja iliyouliza majina yao.

Baada ya hapo anakuja Daud. Muombaji akifika kwake, anasema Ibn Battuta, huambiwa kwamba aliyekuwa anatoa amekufa, na hakuacha cha kutoa. Wageni walikaa miezi mlangoni, wakapewa kidogo, mpaka wakaacha kuja. Weka maneno hayo pembeni ya magofu. Husuni Kubwa haikukamilika, na waliohamia hawakukaa muda mrefu. Upanuzi wa msikiti uliofanywa siku za al-Hasan ulianguka, na tarihi yenyewe inasimulia kwamba ulibaki umeanguka miaka mingi kabla ya kujengwa upya katika karne ya 15. Mjenzi anasema nguzo zilikuwa dhaifu kwa uzito uliowekwa juu. Mwenye tarihi anasema ukoo ulipungukiwa. Msafiri anasema hazina ilikuwa tupu. Mimi sioni haja ya kuchagua. Anayejenga kwa haraka kwa fedha ya mkupuo mara nyingi hupata yote matatu.

Na ile miti? Masimulizi ya Ibn Battuta yaliandikwa na mtu mwingine huko Fez, kazi ikakamilika mwaka 1355, miaka 24 baada ya safari ya Kilwa. Kumbukumbu huteleza. Lakini zaidi ya hapo, uchimbaji umeonyesha kwamba watu wengi wa Kilwa waliishi kwenye nyumba za fito na udongo zilizoezekwa makuti, na mawe yalikuwa ya msikiti, ya jumba na ya wachache wenye uwezo. Aliyetazama mji kutoka bandarini mwaka 1331 aliona paa za majani tele. Mvua na mchwa ndio waliotuachia mawe peke yake, nasi tukadhani mji ulikuwa hivyo.

Kosa hilo, la kudhani kilichobaki ndicho kilichokuwapo, ndilo ambalo kizazi cha baada ya Chittick kimelishughulikia zaidi. Songo Mnara, kisiwa cha jirani chenye mji wa mawe ulioishi muda mfupi tangu mwishoni mwa karne ya 14 hadi mwanzoni mwa ya 16, ndiko wanaakiolojia Stephanie Wynne-Jones na Jeffrey Fleisher wamefanya kazi tangu mwaka 2009. Wao hawakutafuta majumba, maana majumba yanaonekana. Walichukua vijiko vya udongo kutoka sakafu za vyumba, wakavipima kemikali. Mahali palipopikwa pana alama yake, palipomwagwa taka za samaki pana yake, palipofagiliwa kila siku pana yake. Uwanda uliodhaniwa kuwa mtupu katikati ya mji ukaonyesha nyumba za udongo. Makaburini wakakuta sarafu na vijiwe vyeupe vilivyoachwa na waliozuru. Chini ya msingi wa nyumba moja wakakuta fungu la sarafu za shaba zaidi ya 300, zimewekwa pamoja. Ziliwekwa kama akiba, au kuibariki nyumba? Udongo haujibu swali la nia.

Lakini umejibu swali ambalo tarihi haikuwahi kuliuliza: nani alikuwa ndani ya nyumba akisokota pamba, akipika, akifagia ua, wakati wafalme wanapokezana kiti. Katika maandishi ya zamani ya Kilwa wanawake ni wachache mno. Ndiyo maana barua zilizoandikwa Kilwa mwaka 1711 ni hazina ya pekee. Ziko kwenye hifadhi ya nyaraka za Wareno huko Goa, zimeandikwa kwa Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, ni miongoni mwa maandishi ya Kiswahili ya zamani zaidi yaliyobaki, na mmoja wa waliozituma ni Fatima, malkia wa Kilwa, akishughulika na siasa za watu wake kama mtawala yeyote.

Kalamu mpya kuliko zote ni ya vinasaba. Machi 2023 jarida la Nature lilichapisha uchunguzi wa mabaki ya watu 80 waliozikwa kati ya mwaka 1250 na 1800, wengi katika miji ya pwani ya Kenya na Tanzania, Kilwa na Songo Mnara ikiwamo. Matokeo, kwa kifupi, ni kwamba upande wa mama wengi wao ni Waafrika, upande wa baba wengi wana asili ya Uajemi, na kuchanganyika huko kulianza karibu na mwaka 1000. Siku ile mitandaoni watu walitangaza kwamba tarihi imeshinda. Wengine, wakimkumbuka mwanaakiolojia Felix Chami ambaye kwa miaka mingi ameonyesha jinsi mizizi ya utamaduni wa pwani ilivyo ya Kiafrika tangu milenia ya kwanza, walitangaza kwamba mama ndiye mwenye mji.

Matokeo hayo yanakubaliana na karne ya 11 ya sarafu za Mtambwe, na hilo ni jambo kubwa. Hayasemi merikebu zilikuwa saba, hayasemi nani alitawala, na hayawezi kusema ni lugha gani iliyozungumzwa nyumbani, ambayo tunaijua kwa njia nyingine kuwa ilikuwa yetu. Na kuna jambo la kuulizwa kabla ya kubishana. Mifupa mingi iliyopimwa ilitoka kwenye makaburi ya heshima, karibu na misikiti ya mawe. Wale wa nyumba za fito na udongo, ambao Ibn Battuta aliziona paa zao, walizikwa kwingine, na mpaka sasa wachache sana kati yao wamechunguzwa.